Simba wa Wajapani na Simba wa Katavi

Siku moja mjukuu wangu alinijia hapa Mpanda akiwa na simu ya mama yake, akanionyesha simba mweupe wa katuni. "Babu, simba huyu anasema Kijapani!" Nilicheka, kisha nikakaa kimya.

Simba huyo ana umri mkubwa kuliko mama wa mtoto. Mchoraji wa Kijapani, Osamu Tezuka, alianza kumchora katika hadithi za picha mwaka 1950, akamweka katika misitu ya Afrika. Mwaka 1965 akaingia katika televisheni ya Japani, kisha akavuka bahari hadi Marekani, ambako aliitwa Kimba. Miaka 20 tu baada ya kushindwa vitani, Japani ilikuwa imekwisha kuanza kuiuzia dunia hadithi zake.

Mwaka huo huo wa 1965, Mjapani mwingine, Toshisada Nishida, alianza kuwachunguza sokwe wa Mahale, kando ya Ziwa Tanganyika, magharibi mwa Mpanda. Mmoja alichora wanyama wa Afrika, mwingine akaandika habari zao.

Mwaka 1994 Wamarekani walitoa filamu ya The Lion King. Wengi walisema inafanana na kazi ya Tezuka. Kampuni ya Disney ikakana. Katika ubishi huo sisi hatukuwamo, ingawa wahusika wake waliitwa Simba, Rafiki na Pumbaa, maneno ya Kiswahili. Mwaka huo ndipo Tanzania Bara ilipopata vituo vyake vya kwanza vya televisheni.

Nilitaka kuwalaumu wageni, lakini nafsi ilinisuta. Tezuka hakutunyang'anya kitu. Simba wa Katavi wapo, na hifadhi yao ni ya taifa tangu mwaka 1974. Wabende, Wapimbwe na Wakonongo wanazo ngano zao. Mimi nilifundisha walimu chuoni miaka mingi, nikasahihisha maandalio yao ya masomo kwa wino mwekundu, lakini sikumtuma hata mmoja akaandike ngano za bibi yake. Asiyejisimulia husimuliwa na wengine.

Jioni ile nilianza kumsimulia mtoto ngano ya Sungura na Simba, kama nilivyoisikia utotoni. Nilipofika katikati niligundua kuwa mwisho wake nimeusahau.

Kesho yake asubuhi nilichukua daftari, nikaenda kumwuliza dada yangu.