Nyumba Iliyokwama Relini

Watu wakiniambia vichekesho vya filamu bubu ni kuangukaanguka tu, huwatajia One Week ya Buster Keaton, 1920. Maharusi wanapewa nyumba ya kuunganisha wenyewe. Hasimu anabadili namba za masanduku, basi nyumba inatoka imepinda ajabu. Mwishoni wanaikokota, inakwama relini. Treni hiyo! Unafumba macho... kumbe inapita reli ya pembeni. Hujamaliza kushusha pumzi, nyingine inatokea upande wa pili na kuisambaratisha. Treni ya kweli, si ya kuchezea. Keaton, aliyerushwarushwa jukwaani na babake tangu utotoni, alijua akinuna watu hucheka zaidi. Hanung'uniki. Anaweka kibao cha kuuza kwenye kifusi, pamoja na maelekezo ya ujenzi, wanaondoka.