Mlango wa Hamilton

Jedwali la msimu wa 1972 linasema Hamilton Tiger-Cats, timu ya futiboli ya Kanada, walishinda mechi 11, wakapoteza 3, kisha wakatwaa Kombe la Grey. Mimi, mwanafunzi wa uzamili katika historia, nilidhani habari hiyo ingenitosha kwa insha ya muhula. Nilikuwa na shujaa, ushindi na mwisho mzuri.

Shujaa alikuwa Chuck Ealey, kijana mweusi kutoka Portsmouth, Ohio. Alicheza kwotabeki, yule anayeongoza mashambulizi na kurusha mpira. Katika Chuo Kikuu cha Toledo, kuanzia 1969 hadi 1971, alianza mechi 35 na kushinda zote. Kabla ya usajili wa 1972, ambapo timu za NFL huchagua wachezaji wa vyuo kwa zamu, alizijulisha kwamba hatabadilishiwa nafasi: ni kwotabeki au basi. Siku hizo makocha wengi wa Marekani waliamini kazi ya kufikiri uwanjani ni ya wazungu. Weusi walipelekwa kukimbia na kudaka. Raundi 17 zikapita, wachezaji 442 wakachaguliwa. Jina lake halikutajwa.

Akavuka mpaka. Tarehe 3 Desemba 1972, fainali ikichezwa nyumbani Hamilton, mji wa viwanda vya chuma, matokeo yalikuwa 10–10 dhidi ya Saskatchewan Roughriders na muda ulikuwa unayoyoma. Ealey akamrushia Tony Gabriel mara tatu mfululizo, kisha Garney Henley. Ian Sunter, mwenye miaka 19, akapiga teke, mpira ukapita katikati ya nguzo. 13–10. Ealey, katika msimu wake wa kwanza tu, akawa mchezaji bora wa fainali.

Rasimu yangu iliishia hapo, kwa sentensi niliyoipenda mno: Marekani ilifunga mlango, Kanada ikaufungua. Mwalimu wangu aliandika pembeni: "Mlango huo ulikuwa wazi tangu lini?"

Nilirudi maktaba nimenuna. Huko nikakutana na Bernie Custis. Mwaka 1951, miaka 21 kabla ya Ealey, Custis, naye mweusi, alikuwa kwotabeki wa Tiger-Cats hao hao. Alicheza vizuri hata akateuliwa katika kikosi bora cha ligi yake. Msimu uliofuata Hamilton wakamhamisha: akapewa kazi ya kukimbia na mpira.

Nikaifuta sentensi yangu. Ushindi wa Ealey ulibaki palepale, lakini haukuwa tena zawadi ya nchi yoyote. Alikuwa ameukataa uamuzi ambao klabu yake yenyewe iliwahi kumpa mwingine. Naye hakucheza hata mechi moja ya NFL maishani mwake. Kombe halikulipa deni hilo.

Insha niliyokabidhi ilianzia 1951.