Fritz Pollard: Ubaguzi Uliokuja Baada ya Nafasi

Wengi husimulia historia ya michezo ya Marekani kana kwamba ubaguzi ulikuwa mkali mwanzoni, kisha ukalegea kadiri miaka ilivyosonga. Maisha ya Fritz Pollard yanaikanusha simulizi hiyo. Mwaka 1921 alikuwa mchezaji na kocha mwenza wa Akron Pros katika ligi ya kulipwa ya futiboli ya Kimarekani, ule mchezo wa kukimbia na mpira wa umbo la yai huku wapinzani wakikuvamia wakuangushe. Baada ya enzi yake, ligi hiyo haikuwa na kocha mkuu Mweusi hadi Art Shell mwaka 1989. Pengo la zaidi ya miaka sitini haliwezi kuelezwa kwa kusema tu kwamba zama zile zilikuwa za giza.

Pollard alizaliwa Chicago mwaka 1894. Akiwa Chuo Kikuu cha Brown alicheza mchezo wa Rose Bowl wa timu za vyuo, tarehe 1 Januari 1916, akiwa Mweusi wa kwanza kufanya hivyo. Brown ilifungwa 14-0. Baadaye mwaka huohuo aliiongoza Brown kuzishinda Yale na Harvard katika msimu mmoja. Alikuwa na umbo dogo, na wapinzani walipenda kumrukia hata akiwa ameshaanguka. Basi akajifunza kujibingirisha upesi na kulala chali, miguu juu, njumu za viatu zikimwelekea yeyote anayekuja.

Ligi ilipoanzishwa mwaka 1920 ilikuwa maskini. Timu zake nyingi zilitoka miji ya viwanda, na Akron yenyewe ilikuwa mji wa matairi. Msimu ule Akron ilitwaa ubingwa bila kupoteza mchezo, ikishinda minane na kutoka sare mitatu. Hata hivyo Pollard alisimulia kwamba hakubadilishia nguo na wenzake, bali katika jengo la biashara ya sigara la Frank Nied, mmoja wa wenye timu. Kwa hiyo tusidhani Akron ilimpenda. Ilimhitaji, kwa sababu watu walilipa viingilio ili wamwone akikimbia.

 

Kisha mlango ukafungwa: wachezaji Weusi Joe Lillard na Ray Kemp walicheza msimu wa 1933, kisha kuanzia 1934 hadi 1945 hakuna Mweusi hata mmoja aliyesajiliwa. Hapakuwa na kanuni iliyoandikwa. Wako wanaomtupia lawama zote George Preston Marshall, aliyeingia kwenye ligi kama mmiliki mwaka 1932 na ambaye timu yake haikuwachezesha Weusi hadi 1962. Hoja hiyo inawaachia wengine waponyoke kirahisi mno. Marshall alikuwa na timu moja tu. Wenye timu nyingine nao walinyamaza na kufuata. Ligi ilikuwa imeanza kujijenga katika miji mikubwa, ajira zilikuwa adimu kwa sababu ya mdororo wa uchumi, na mchezaji Mweusi akaonekana ni gharama inayoweza kuepukwa.

Kurudi kwa wachezaji Weusi mwaka 1946 kunathibitisha kwamba ubaguzi ule ulikuwa uamuzi wa wenye timu. Timu ya Rams ilipohamia Los Angeles ilitaka kutumia uwanja wa umma, na waandishi wa habari Weusi wakadai kwamba uwanja wa kodi za wote usitumiwe na timu inayobagua. Mchezaji Mweusi Kenny Washington akasajiliwa.

Wapo wanaopinga kwamba Pollard alikuwa kocha, wakisema magazeti ya 1921 yalimtaja Elgie Tobin kuwa kocha. Ni kweli Tobin alikuwapo, lakini ligi yenyewe leo inamtambua Pollard kuwa kocha. Miaka ya ubaguzi ule Pollard aliifundisha Brown Bombers, timu ya Weusi watupu huko Harlem. Alifariki mwaka 1986 akiwa na miaka 92. Jumba la Heshima la futiboli ya kulipwa lilimwingiza mwaka 2005.