Ugomvi wa uongozi katika shule za makanisa: kesi inapelekwa wapi?

Watu wawili wanafika kwa shule moja, kila mmoja na barua yake mkononi. Huyu anasema: mimi njo prefe. Yule naye anasema vilevile. Walimu wanagawanyika, wazazi hawajui ni nani atasaini bulletin za watoto. Hapa Kamina, ni hakimu gani mwenye uwezo wa kukata neno?

Tukumbuke kwanza shule hizi zilitoka wapi. Mwisho wa mwaka 1974, utawala wa Mobutu uliondoa shule mikononi mwa makanisa. Mzigo ukalemea serikali, na tarehe 26/2/1977 ikafanya mapatano na Wakatoliki, Waprotestanti na Wakimbangu. Waislamu nao waliingia. Njo maana tunaziita shule za konvansioné. Serikali inalipa walimu, inatoa programu na kutuma mainspekta. Kanisa inasimamia shule kila siku kupitia kordinasio yake.

Basi mkubwa wa shule ana mabwana wawili. Kesi inafuata karatasi inayobishaniwa.

Barua ya kanisa. Anzeni ndani: kordinasio, kisha mwakilishi wa kanisa mbele ya sheria.

Makundi mawili yanabishana ni nani mwakilishi huyo. Sheria n° 004/2001 ya 20/7/2001 inaweka makanisa kati ya mashirika yasiyotafuta faida. Ugomvi kama huo unaenda kwa Tribunal de grande instance. Hakimu hatasema nani anahubiri vizuri. Anaangalia statuts, namna mkutano ulivyoitishwa, na majina yaliyotangazwa kwa ministeri ya Haki.

Barua ya mukubwa wa serikali. Hapa ni sheria n° 16/027 ya 15/10/2016. Kama ministre njo alisaini, ni Conseil d'État, Kinshasa. Kama ni mukubwa wa jimbo, ni Cour administrative d'appel. Pahali haijawekwa, Cour d'appel inashika kazi hiyo. Lakini mbele ya kushitaki, mwandikie kwanza yule aliyesaini, ndani ya miezi 3. Ukiruka hatua hiyo, kesi yako haitapokelewa.

Mapigano, ofisi kuvunjwa, karatasi za uongo, franga za shule kupotea. Hayo ni ya parquet, hata kama mwenye kufanya ni mtu wa kanisa.

Kesi inaweza kukawia, lakini Examen d'État haingojei mtu. Kwa barua ya serikali, avoka anaweza kuomba hakimu aisimamishe haraka wakati kesi ingali inaendelea. Kwa barua ya kanisa, pande mbili zinaweza kupatana kwa maandishi juu ya mtu mmoja wa kusaini karatasi za wanafunzi mpaka hukumu itoke.

Nanyi wazazi, chungeni bulletin na risiti zote, na musilipe franga mikononi mwa mtu bila risiti. Tembo wakipigana, nyasi njo zinaumia.