Manowari zilizoamua vita vya Kisii

Nyansiongo ni nchi ya chai na ukungu. Mtu wa hapa akitaka kuona maji mapana huelekea magharibi hadi ukingo wa Manga, na siku ya anga safi huliona Ziwa Victoria kwa mbali, limelala chini kama bati jipya linalopigwa na jua. Ukimwambia kuwa maji yale yaliwahi kubeba manowari za Mfalme wa Uingereza, na kwamba meli ndizo zilizoamua nani aendelee kuitawala milima hii, atadhani unamtolea ngano.

Meli hizo ziliundwa Scotland, zikafunguliwa vipande vipande, zikavushwa bahari hadi Mombasa, kisha zikaungwa upya Kisumu, ribiti kwa ribiti. Vipande vya ile ya kwanza, William Mackinnon, vilibebwa na wapagazi sehemu ya safari kwa sababu reli ilikuwa bado njiani. Ilishushwa majini mwaka 1900. Reli yenyewe ilifika Kisumu Desemba 1901. Zikafuata Winifred, Sybil, Clement Hill na Nyanza. Zilikuwa mali ya Reli ya Uganda, na kazi yake ilikuwa abiria na mizigo.

Vita vya Kwanza vya Dunia vilipozuka Agosti 1914, Wajerumani waliifunga mizinga meli yao ndogo iliyoitwa Muansa. Mwezi uliofuata kikosi chao kilivuka mpaka, na Septemba 11 kikaingia Kisii mjini. Askari wa Keya, jeshi la Waingereza la askari Waafrika, waliokuwa Kisumu wangeitegemea miguu peke yake wangechelewa mno. Walipakiwa melini, wakashushwa Kendu Bay, wakaipanda milima. Septemba 12 risasi zililia kutwa nzima kuuzunguka mji. Kapteni Thorne, aliyewaongoza Waingereza, aliuawa. Usiku Wajerumani waliondoka, wakiwaacha nyuma baadhi ya majeruhi wao.

Vitabu vingi huishia hapo, kana kwamba vita vile vilikuwa vya mlimani tu. Mimi naona nusu ya pili ilipiganwa majini. Siku chache baadaye Winifred ilikaribia bandari ya Karungu, ikaikuta Muansa imeshatangulia na mizinga yake, ikalazimika kugeuka. Iliporudi, ilifuatana na meli ndogo iitwayo Kavirondo, zote mbili zikiwa na silaha, na safari hii Muansa ndiyo iliyoondoka. Bila njia ya ziwa, Wajerumani wa upande huu hawakuwa na namna nyepesi ya kuletewa chakula wala risasi.

Tangu hapo Jeshi la Majini la Kifalme likazishika meli za reli. Majina yakatanguliwa na heshima ya mfalme, na bendera nyeupe yenye msalaba mwekundu, ile ya manowari za baharini, ikapepea juu ya maji yasiyo na chumvi, zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari. Juni 1915 zilivusha askari kwenda kuishambulia Bukoba, upande wa Wajerumani. Julai 1916 Mwanza ikaanguka.

Lakini waliolipa deni kubwa la Septemba ile ni Abagusii, wenyeji wa milima hii. Kwa muda mji ulikuwa hauna mtawala, na watu waliokuwa na kinyongo tangu misafara ya adhabu ya 1905 na 1908 wakaingia madukani na ofisini, wakabeba walichoweza. Waingereza waliporudi waliswaga ng'ombe wao kwa adhabu. Kisha vijana wakachukuliwa katika Kariakoo, kikosi cha wapagazi, kuwabebea mizigo askari wa vita ambavyo havikuwa vyao. Hilo linaniuma kuliko hesabu yoyote ya mizinga.

Wakati huohuo habari nyingine ilikuwa imepanda kutoka ziwani. Mwaka 1913 Onyango Dunde wa Alego alisema amemezwa na nyoka mkubwa wa majini, akatemwa akiwa hai, na kupewa ujumbe kwamba wazungu wataondoka. Imani hiyo, Mumbo, ilienea Gusii. Kwa watu waliokuwa wamewaona wazungu wakiukimbia mji wa Kisii kwa macho yao, haikuwa vigumu kuiamini. Serikali iliiogopa kiasi kwamba mwaka 1921 iliwakamata viongozi wake kadhaa na kuwahamishia Lamu, watu wa milimani waliofuata sauti ya ziwa, wakaishi uhamishoni kando ya Bahari ya Hindi.