Daraja la Kuelea la Nyali na Kesi ya Ushuru Wake

Kabla ya mwaka 1931, kisiwa cha Mombasa na bara yake ya kaskazini vilitenganishwa na hori ya Tudor, yaani mkono wa bahari unaoingia ndani ya nchi kavu, na aliyetaka kwenda Kisauni, Kongowea au Frere Town, kijiji kilichoanzishwa na wamisionari wa Kianglikana katika miaka ya 1870 kwa ajili ya watumwa walioachwa huru, alilazimika kuvuka kwa chombo. Mwaka huo lilifunguliwa daraja la kuelea, ambalo njia yake ilibebwa na maboya makubwa yaliyopanda na kushuka kwa kufuata maji kujaa na kupwa, badala ya kushikiliwa na nguzo zilizosimikwa chini ya bahari.

Daraja hilo halikuwa mali ya serikali. Lilijengwa na kampuni ya Nyali Limited, iliyomiliki ardhi upande wa bara, na ambayo kwa mapatano na serikali ya kikoloni ilipewa haki ya kutoza ushuru kila aliyevuka. Hivyo lilikuwa biashara yenye faida mbili, kwa kuwa lilileta fedha za ushuru na papo hapo kuipandisha thamani ardhi ya Nyali.

Mfumo huo ulizua mgogoro pale ilipobishaniwa iwapo magari ya jeshi nayo yalipaswa kulipa, na shauri likafika hadi Mahakama ya Rufani ya Uingereza, ambayo mwaka 1955 iliamua kwa upande wa kampuni. Jaji Denning alizingatia kwamba Nyali imo katika Ukanda wa Pwani, eneo la maili 10 lililokuwa chini ya mamlaka ya Sultani wa Zanzibar lakini likiendeshwa na Waingereza, akaeleza kuwa sheria ya Kiingereza haiwezi kuhamishiwa Afrika ikabaki vilevile, kama vile mwaloni wa Uingereza usivyoweza kutarajiwa kukua huku kama ukuavyo kwao, bali huhitaji kurekebishwa kulingana na hali ya wenyeji.

Kadiri wakazi na magari yalivyoongezeka upande wa Kisauni, daraja la maboya lilielemewa, na mwaka 1980 nafasi yake ilichukuliwa na daraja la zege lililojengwa karibu nalo kwa msaada wa Japani, kisha lile la zamani likaondolewa. Hata hivyo, uamuzi uliotokana na ushuru wake umeendelea kurejewa katika mahakama za nchi zilizotawaliwa na Uingereza, na kanuni iyo hiyo imo katika kifungu cha 3 cha Sheria ya Mahakama ya Kenya ya mwaka 1967, kinachoagiza kwamba sheria ya Kiingereza itumike kwa kiasi tu kinachoruhusiwa na hali ya Kenya na wakazi wake.