Ushuhuda wa Wanaoishi na VVU (Kagera)

Ushuhuda, katika mapambano na Ukimwi mkoani Kagera, ni masimulizi ambayo mtu anayeishi na virusi vya maradhi hayo huyatoa kwa ridhaa yake mbele ya wenziwe, ili kuutua mzigo wa siri na kuwazindua wanaomsikiliza. Mkoa huo ndiko walikotambuliwa mwaka 1983 wagonjwa wa kwanza wa Ukimwi katika Tanzania. Kwa kuwa asili yake haikufahamika, watu waliuita Juliana, kwa jina la kitambaa cha fahari kilichopitishwa kwa magendo kutoka Uganda, na wengi waliudhania uchawi. Basi mgonjwa alibeba maradhi na fedheha kwa pamoja.

Ng'ambo ya mpaka, nchini Uganda, wapo waliothubutu kuuvunja ukimya huo: Noerine Kaleeba, aliyefiwa na mumewe kwa Ukimwi, alianzisha na wenziwe TASO, shirika la kuwasaidia wenye Ukimwi, mwaka 1987; na mwaka 1989 mwimbaji Philly Lutaaya alijitangaza hadharani kuwa anaugua, akazunguka mashuleni na makanisani akiwahadharisha vijana, hata mauti yalipomfika Desemba mwaka huohuo.

Taathira ya ushuhuda ni ya namna mbili. Msimulizi, akiisha kusikilizwa pasi na kuhukumiwa, hupata faraja na huacha kuificha dawa yake. Na msikilizaji, ambaye uvumi ulimfunza kuogopa, hupata maarifa kutoka kwa jirani anayemjua kwa jina na nasaba. Tangu dawa za kufubaza virusi zilipoanza kutolewa bure na Serikali ya Tanzania mwaka 2004, ushuhuda umezidi nguvu, kwani aliyekuwa kitandani akingojewa kuzikwa huonekana shambani akilima, na kuonekana kwake ni hoja isiyokanushika.

Hata hivyo ushuhuda ni amana. Sheria ya Tanzania kuhusu Ukimwi ya mwaka 2008 inakataza kuitoa siri ya mwenye virusi bila idhini yake, na inakataza kumbagua. Kwa hiyo anayemshurutisha mgonjwa kusema, hata kwa nia ya kuelimisha umma, humjeruhi upya, na jamii inayotaka kusimuliwa haina budi kwanza kumwekea msimulizi mahali pa amani.